Msizisingizie Maktaba za Pamoja

Hoja inayotawala siku hizi katika uandishi wa programu za kompyuta ni kwamba maktaba za pamoja zimepitwa na wakati. Hizi ni zile faili zenye mkia wa .so kwenye Linux na .dll kwenye Windows, ambazo programu nyingi huzitegemea kwa wakati mmoja: moja ya kuchora picha, nyingine ya kufungua faili zilizobanwa, nyingine ya kusimba mawasiliano. Wenye hoja wanasema diski sasa ni kubwa na kumbukumbu ni ya bei nafuu, basi kila programu na ibebe tumboni mwake kila inachohitaji, isimtegemee jirani. Lugha ya Go imekuzwa katika desturi hiyo. Programu za mezani zilizojengwa kwa Electron hubeba kivinjari kizima, kila moja na chake. Hata Linus Torvalds, mwanzilishi wa Linux, aliandika mwaka 2021 kwamba si kweli kuwa maktaba za pamoja ni jambo jema kwa asili yake, na kwamba zinafaa hasa pale zinapokuwa maktaba sanifu za mfumo, zilizopo kila mahali.

Napinga. Wana haki katika baadhi ya mambo, na nitawapa haki yao nikifika hapo. Lakini ushahidi wanaoupenda kuliko wote, ule wa makosa ya hifadhi ya uzi, ukiuchunguza kwa makini unashuhudia dhidi yao.

Ushahidi wenyewe ni huu. Mtu anafungua programu yake, au anaita maktaba ya kuchakata picha au ya kujifunza kwa mashine, na badala ya kazi kuanza anapata ujumbe kwamba maktaba fulani imekosa nafasi katika eneo tuli la hifadhi ya uzi. Kompyuta ina gigabaiti kadhaa za kumbukumbu zisizotumika, lakini kipakizi cha maktaba kinalalamika nafasi. Anayeusoma ujumbe huo kwa mara ya kwanza haelewi. Anayeusoma mara ya pili anaambiwa na wenzake kwamba hayo ndiyo matatizo ya maktaba za pamoja, angefungasha kila kitu mahali pamoja asingepata shida. Maelezo hayo yanakubalika kwa sababu ni mepesi. Ni ya uongo.

Ili kuuona uongo huo inabidi tuingie ndani kidogo. Programu ya mezani ya leo huendesha nyuzi nyingi kwa pamoja: uzi mmoja unachora dirisha, mwingine unasoma diski, mwingine unasubiri mtandao. Nyuzi zote huishi katika kumbukumbu moja, na kigeu cha kawaida kilichotangazwa kwa programu nzima huonekana na zote. Mara nyingi ndivyo tunavyotaka. Ila vipo vigeu ambavyo vikionwa na wote huleta maafa. Namba ya kosa la mwisho, ile errno ya lugha ya C, ni mfano wa kwanza: kama nyuzi zote zingetumia errno moja, uzi wa mtandao ungesoma kosa lililofanywa na uzi wa diski. Mfano wa pili ni OpenGL, mfumo wa kuchora michoro, ambamo kila uzi una muktadha wake wa kuchora. Kwa hiyo kila uzi hupewa nakala yake ya vigeu hivyo, na nafasi zinamokaa ndiyo hifadhi ya uzi; mwandishi hulitangaza hilo kwa neno moja tu: __thread kwa kompaila ya GCC, na thread_local katika C++ tangu kiwango cha mwaka 2011.

Neno ni moja, lakini nyuma yake zipo njia mbili za kutafuta nafasi, na ugomvi wote uko hapo. Njia ya kwanza ni ya maktaba zilizopo tangu mwanzo: programu inapoanza, kipakizi husoma maktaba zote inazozitegemea, hujumlisha ukubwa wa vigeu vyao vya uzi, kisha hukata kipande kimoja cha kumbukumbu karibu na kielekezi cha uzi, ambacho kwenye x86-64 hukaa katika rejista ya fs. Kigeu kilichomo humo hufikiwa kwa haraka sana, kwa kuwa umbali wake kutoka kwenye rejista umeshajulikana na haubadiliki. Njia ya pili ni ya maktaba inayofika baadaye, kwa mfano pale mtumiaji anapowasha plagini na programu ikaiita faili yake kwa dlopen. Maktaba hiyo hupewa kipande chake peke yake, na kila inapotaka kigeu chake hupitia kazi iitwayo __tls_get_addr. Njia hii ni ya polepole kidogo, lakini haina ukomo wa maana: kumbukumbu ikiwepo, nafasi ipo.

Sasa, mwandishi wa maktaba anaweza kuiambia kompaila iikusanye maktaba yake kana kwamba itakuwepo tangu mwanzo, ili ifaidi ile njia ya haraka. Ni ahadi. Maktaba ikiunganishwa moja kwa moja na programu, ahadi ni ya kweli. Ikiitwa baadaye kwa dlopen, ahadi ni ya uongo, maana kipande cha mwanzo kimeshakatwa na vipimo vyake vimefungwa. Ni sawa na abiria anayelisimamisha daladala katikati ya safari na kudai kiti cha mbele kwa sababu kwao aliahidiwa hivyo. Glibc, maktaba kuu ya C kwenye Linux nyingi, ingeweza kumkatalia moja kwa moja. Badala yake iliacha akiba ndogo kwa ajili ya wachelewaji, na kwa miaka mingi akiba hiyo kwenye x86-64 ilikuwa baiti 1,664. Hizo ni za wachelewaji wote kwa jumla, si za kila mmoja.

Ujumbe wa kosa hutoka pale akiba hiyo inapokwisha. Kwa hiyo swali halali ni nani aliyeimaliza.

Maktaba zinazodai nafasi hiyo zinajulikana. Kwa muda mrefu libGL ya Mesa, maktaba huria ya OpenGL, ilikuwa miongoni mwao, na sababu yake ilikuwa nzito: kila amri ya kuchora lazima kwanza iujue muktadha wa uzi, na mchezo mmoja hutoa amri hizo kwa maelfu katika kila picha. Jemalloc, mgawaji wa kumbukumbu, hufanya hivyo kwa desturi pia, ingawa imeweka wazi chaguo la kuizima tabia hiyo wakati wa kuikusanya. Halafu ipo libgomp, maktaba ya GCC ya kugawa kazi kwa nyuzi nyingi, ambayo ilizua malalamiko mengi, hasa kwenye kompyuta za ARM kama Raspberry Pi na Jetson, mtu anapoita OpenCV au scikit-learn kutoka Python.

Hapa haki inataka nikiri kwamba kipakizi nacho kilichangia. Kwenye ARM ya biti 64, kompaila hutumia mtindo mpya zaidi wa kufikia hifadhi ya uzi, uitwao TLSDESC, ambao kwa sehemu kubwa ni kazi ya Mbrazili Alexandre Oliva. Mtindo huo una hekima: maktaba iliyochelewa ikikuta nafasi katika akiba huitumia kwa haraka, isipokuta hupitia njia ndefu bila kulalamika. Ubaya ni kwamba glibc iliwaruhusu hao wasio na lazima waile akiba yote, kisha akija mwenye lazima, kama libgomp, anakuta sahani tupu. Mwaka 2020 glibc ilisahihishwa: wasio na lazima wakawekewa kikomo, kwa kawaida baiti 512, na mtumiaji akapewa uwezo wa kukiongeza. Kosa lilikuwa la utekelezaji, likaonekana, likarekebishwa mahali pamoja, na kila programu kwenye mashine iliyosasishwa ikanufaika bila kukusanywa upya. Huo ndio uzuri wa kitu kinachotumiwa na wote.

Lakini tuitazame libgomp vizuri zaidi. Vifurushi vya Python vinavyosambazwa vikiwa tayari vimekusanywa vina kanuni: maktaba isiyohesabiwa kuwa ya msingi lazima isafiri ndani ya kifurushi. Chombo cha kufungasha huichukua libgomp, huipachika katika folda ya kifurushi, na huibandika jina jipya lenye msururu wa herufi na namba ili isigongane na nyingine. Kifurushi cha pili hufanya hivyo hivyo. Cha tatu vilevile. Mtafiti anayeita vifurushi vitatu katika programu moja anakuwa na libgomp tatu zenye majina tofauti, na kipakizi, kikiona majina tofauti, huzihesabu kuwa maktaba tatu tofauti. Kila moja inadai sehemu yake ya akiba.

Akiba basi imemalizwa na nakala. Libgomp moja, iliyowekwa na mfumo na kutumiwa na vifurushi vyote, ingedai nafasi yake mara moja tu. Tiba tunayouziwa, yaani fungasha kila kitu ndani ya kila programu, ndiyo iliyouzidisha ugonjwa, na bado lawama inabebeshwa maktaba za pamoja.

Anayedhani hili ni jambo la Linux na glibc peke yake na aende studio ya muziki. Programu za kurekodi na kuchanganya sauti kwenye Windows hupakia plagini, na kila plagini ni faili ya .dll. Windows ina hifadhi yake inayofanana na ya uzi, iitwayo FLS, ambayo kwa miaka mingi ilikuwa na nafasi 128 tu kwa programu nzima. Plagini iliyofungasha maktaba ya C ya Microsoft ndani yake huchukua nafasi yake ya peke yake. Plagini zinazotumia maktaba ya C ya pamoja zote huchangia nafasi ileile. Wanamuziki wenye miradi mikubwa wakaanza kuona plagini zinakataa kufunguka baada ya idadi fulani, na wakailaumu programu ya kurekodi, plagini ya mwisho, kompyuta yenyewe. Microsoft baadaye iliongeza nafasi hizo katika Windows 10. Chanzo kilikuwa kilekile: nakala nyingi za kitu kilichopaswa kuwa kimoja.

Na nafasi ni sehemu ndogo tu ya tatizo la nakala. Kubwa zaidi ni kwamba maktaba yenye hifadhi ya uzi ina kumbukumbu zake, na nakala mbili katika programu moja zina kumbukumbu mbili zisizojuana. Maktaba ya C++ hutunza ndani ya hifadhi ya uzi hesabu ya makosa yaliyorushwa na yaliyodakwa. Ziwepo nakala mbili, kosa linarushwa upande mmoja na kudakwa upande mwingine, na kila moja inasoma daftari lake. Makosa ya namna hii hayatoi ujumbe wowote. Programu huanguka wiki mbili baadaye, mbali na chanzo, na mtu hupoteza siku nzima akitafuta mahali pasipohusika.

Watetezi wa kufungasha hujibu: basi fungasha vizuri, hakikisha nakala ni moja ndani ya kifurushi chako, jitenge kabisa na mfumo. Kwa programu ya seva, au kwa chombo kidogo cha mstari wa amri kilichoandikwa kwa Go, jibu hilo linakubalika, na ndiyo haki niliyosema nitawapa. Anayetaka kupeleka faili moja kwenye mashine mia moja na iendeshwe bila maswali, na aifungashe. Lakini programu ya mezani haiwezi kujitenga, hata ikitaka. Kiendeshi cha kadi ya michoro hutoka kwenye mashine ya mtumiaji, maana mwandishi wa programu hajui kadi gani imo. Njia za kuandikia lugha zisizo na herufi chache kama zetu, kwa mfano Kichina na Kijapani, hutoka kwenye mfumo. Hata kutafuta anwani ya mtandao kwa glibc huita maktaba nyingine wakati programu inaendelea, ndiyo maana kuifungasha glibc yenyewe ndani ya programu huleta onyo kutoka kwa kiunganishi.

Steam, duka la michezo ya kompyuta, ililiona hili waziwazi kwenye Linux. Ilikuja na mkusanyo wake wa maktaba ili michezo iende vilevile kila mahali, na ndani yake kulikuwa na libstdc++, maktaba ya C++ ya GCC, ya zamani. Kiendeshi cha Mesa kwenye mashine mpya kilihitaji libstdc++ mpya zaidi. Ile ya zamani ilipakiwa kwanza, kiendeshi kikashindwa, mchezo ukakosa michoro. Watu wengi walipata nafuu kwa kuifuta kwa mkono nakala iliyofungashwa na kuiacha programu itumie ile ya mfumo. Programu iliyokusudia kutomtegemea mtu ilipona pale ilipolazimishwa kutegemea.

Nakuja kwenye usalama, ambako nakala hugharimu zaidi ya muda unaopotea. Machi 2002 liligundulika kosa la kumbukumbu katika zlib, maktaba ya kubana data iliyokuwa kila mahali. Mfumo wenye zlib ya pamoja ulihitaji kubadilisha faili moja. Tatizo lilikuwa idadi kubwa ya programu zilizokuwa zimeinakili zlib ndani yake. Hata kerneli ya Linux ilikuwa na yake. Septemba 2004 Microsoft ilitangaza kosa katika gdiplus.dll, ambapo picha ya JPEG iliyotegwa ingeweza kuendesha msimbo wa adui. Programu nyingi zilikuwa zimekuja na nakala yao ya faili hiyo, hivyo kusasisha Windows hakukutosha, na Microsoft ikalazimika kutoa chombo cha kuzisaka nakala hizo ndani ya kompyuta. Septemba 2023 zamu ikawa ya libwebp, maktaba ya kusoma picha za WebP. Debian na matoleo mengine ya Linux walitoa kifurushi kimoja kilichorekebishwa. Upande wa Electron kila programu ilisubiri mtengenezaji wake aamke, na mtumiaji hakuwa na njia nyepesi ya kujua ni zipi zimeshaamka.

Msomaji anayenunua bando anaelewa hesabu hii kuliko mwandishi anayekaa penye intaneti isiyopimwa. Libwebp iliyorekebishwa ni chini ya megabaiti moja. Programu moja ya Electron huzidi megabaiti 100, na mtu mwenye nne kati ya hizo hushusha vivinjari vinne kwa kosa lilelile moja. Mwanafunzi wa Dodoma au Eldoret mwenye kompyuta ya mtumba ya gigabaiti 4 hulipa tena kila siku anapoziwasha, kwa kuwa msimbo wa maktaba ya pamoja hukaa mara moja katika kumbukumbu na kutumiwa na programu zote, wakati nakala nne hukaa mara nne. Kusema kumbukumbu ni ya bei nafuu ni kumsemea mwingine kuhusu mfuko wake.

Kuna hoja moja ya upande wa pili ninayoiheshimu, nayo ni ya xz, programu ya kubana data. Machi 2024 Andres Freund, mhandisi aliyeshangazwa na ucheleweshaji mdogo wa kuingia kwa SSH, aligundua kwamba matoleo 5.6.0 na 5.6.1 ya xz yalikuwa yamepandikizwa mlango wa siri. Mlango ulipita ndani ya liblzma, maktaba ya pamoja, ukaifikia huduma ya SSH kwa sababu baadhi ya matoleo ya Linux yaliiunganisha na libsystemd, maktaba ya systemd, msimamizi wa huduma za mfumo, nayo libsystemd iliivuta liblzma. Wapinzani wanasema: tazameni, kushirikiana kumeleta sumu. Mimi naona mnyororo wa utegemezi usio wa lazima. SSH haikuhitaji kubana chochote kwa xz. Waandishi wa systemd walikuwa wameshaanza kuzihamisha maktaba za namna hiyo ziitwe kwa dlopen, pale tu zinapohitajika kweli. Na baada ya ugunduzi, uondoaji ulikuwa kurudisha kifurushi kimoja nyuma. Sumu ileile ingekuwa imenakiliwa ndani ya programu mia, tungekuwa tunaisaka hadi leo.

Mwelekeo huo wa kuita maktaba kwa dlopen utaongezeka, na hapo ndipo tabia ya kudai nafasi ya mwanzo inapokuwa kosa lisilo na udhuru. Maktaba isiyo na uhakika kwamba itakuwepo programu inapoanza haina haki ya kuahidi kwamba itakuwepo. Tofauti ya kasi iliyokuwa ikitolewa kama sababu imepunguzwa sana na TLSDESC. Anayesisitiza njia ya haraka kwa maktaba itakayoitwa kama plagini anajipatia faida ndogo kutoka kwenye akiba ya wote, na anayeumia ni mtumiaji ambaye hakuulizwa.

Nawaomba basi wanaofundisha na wanaojifunza kazi hii, pale ujumbe ule utakapotokea, wasikimbilie kufungasha nakala nyingine, wala wasiridhike na hila ya kuilazimisha maktaba ipakiwe kwanza kwa LD_PRELOAD, ambayo hufanya kazi kwa sababu tu huigeuza ile ahadi ya uongo kuwa kweli kwa siku hiyo. Pitisheni faili ya .so kwenye amri ya readelf -d na mtazame mstari wa FLAGS. Mkikuta STATIC_TLS, mmempata anayedai. Hesabuni nakala zake ngapi zimo ndani ya programu yenu, kisha waandikieni waliozifungasha na mtunzaji wa maktaba hiyo, na mwombe ibaki moja tu.